Wafanyakazi ambao Prichard hakuwahesabu

Swali: "Shikamoo mwalimu. Nafundisha sekondari Karatu, na nina mswada wa riwaya kuhusu vibarua wa mashamba ya kahawa na Wahadzabe wa bonde la Eyasi. Baba yangu alikuwa kibarua wa shambani. Wahadzabe nawajua kwa ujirani tu. Rafiki yangu alinipa riwaya ya Coonardoo ya Katharine Susannah Prichard wa Australia, akasema huyu mama aliishi maisha ya kuandika kuhusu wafanyakazi na Waaborijini, wenyeji wa asili wa Australia, jambo lile lile ninalotaka kufanya. Niliisoma nikalia. Baadaye nikakuta kwamba Waaborijini wenyewe wana malalamiko makubwa kuhusu kitabu hicho. Je, nimfuate au nimwache?"

Marahaba, mwalimu mwenzangu. Nimefundisha riwaya hii na kubishania maana yake na wanafunzi kwa muda mrefu, kwa hiyo univumilie, jibu si fupi.

Nitangulize msimamo wangu usije ukautafuta hadi mwisho. Prichard alikuwa na njia moja ya kazi, akaitumia kwa watu wa aina mbili. Kwa wakata magogo na wachimba dhahabu ilimzalia riwaya zilizojaa watu wanaobishana, wanaokosea na wanaopanga mambo yao. Kwa Waaborijini ilimzalia mwanamke mmoja asiyesahaulika ambaye karibu hasemi kitu. Huruma alikuwa nayo tele kwa wote. Alichokosa ni kuona kwamba Coonardoo naye ni mfanyakazi, tena mwenye dai.

Prichard alizaliwa Desemba 1883 huko Levuka, Fiji, ambako baba yake alikuwa mhariri wa gazeti la Fiji Times. Utoto wake ulipita Tasmania na Melbourne, katika nyumba ya mtu wa kalamu ambaye kazi zilikuwa zikimponyoka. Baba alijiua mwaka 1907. Binti hakusoma chuo kikuu. Alifundisha watoto wa wenye ranchi majumbani mwao, kisha akawa mwandishi wa habari Melbourne na London. Mwaka 1915 riwaya yake The Pioneers ilimshindia tuzo ya wachapishaji wa Uingereza, jina lake likaanza kujulikana.

Mwaka 1919 aliolewa na Hugo Throssell, askari aliyepata nishani ya Victoria Cross katika vita vya Gallipoli na mtoto wa waziri mkuu wa zamani wa jimbo la Australia Magharibi. Miezi michache baada ya harusi, mjini Northam, nyumbani kwao kabisa, mbele ya umati uliokusanyika kusherehekea amani, shujaa huyo alisimama akatangaza kwamba vita vimemfanya kuwa msoshalisti. Mwaka uliofuata mkewe alikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Chama cha Kikomunisti cha Australia, na hakukihama hadi alipofariki Oktoba 1969. Walikaa Greenmount, kwenye vilima nje ya Perth. Hugo alijiua Novemba 1933 huku madeni yakimlemea, mkewe akiwa safarini ng'ambo alikokuwa amekwenda kuitazama Urusi ya Kisovieti. Aliendelea kuandika na kumlea mtoto wao wa pekee.

Sasa tuje kwenye njia yake. Prichard hakuandika kuhusu mahali ambapo hajapafikia. Kabla ya riwaya ya Black Opal ya mwaka 1921 alikwenda kukaa na wachimba vito wa Lightning Ridge. Kwa ajili ya Haxby's Circus ya mwaka 1930 alisafiri na watu wa sarakasi. Kwa riwaya zake tatu za dhahabu, The Roaring Nineties, Golden Miles na Winged Seeds, zilizotoka kati ya 1946 na 1950, alikaa Kalgoorlie akiwasikiliza wazee waliofika huko wakati dhahabu ilipogunduliwa miaka ya 1890. Alibeba daftari, akaandika majina ya zana, matusi, nyimbo, namna mtu anavyoshika shoka.

Angalia matunda yake katika Working Bullocks ya mwaka 1926. Ni riwaya ya misitu ya miti ya karri, kusini-magharibi mwa Australia, miti mirefu kupita minara, inayoangushwa na kuvutwa na maksai hadi kwenye kiwanda cha mbao. Red Burke, dereva wa maksai, ni mtu wa mwili na hasira. Deb Colburn, msichana wa familia ya wakata magogo, ana nguvu za kushangaza. Watu wanakufa kazini, na vifo vinazaa mgomo. Hapo anaingia Mark Smith, mtu wa hotuba, anayetaka wafanyakazi wajione kuwa zaidi ya wanyama wa kukokota. Kinachonipendeza ni kwamba hawamwitikii wote. Wengine wanamcheka, wengine wanataka ujira wao tu warudi kwa wake zao, na Red mwenyewe hajui asimame wapi. Mwandishi alikuwa mkomunisti mwenye imani kali, lakini aliwaacha wahusika wake wambishie. Aliweza kwa sababu alikuwa amesikia wafanyakazi wakimbishia ana kwa ana, katika mikutano ya chama na ya vyama vya wafanyakazi. Watu hao walikuwa na magazeti yao, walisoma vitabu, na kama angewachora vibaya wangemwambia.

Mwaka huo huo wa 1926 alisafiri kwenda Turee Creek, ranchi ya ng'ombe iliyo mbali sana kaskazini mwa Perth, katika eneo la Pilbara. Miezi aliyokaa huko ilizaa riwaya ya Coonardoo, tamthilia ya Brumby Innes na hadithi fupi kadhaa. Daftari lilikuwa lile lile na masikio yale yale. Alitazama wanaume wa Kiaborijini wakikusanya na kuswaga ng'ombe, wanawake wakifua na kupika katika nyumba ya mwenye ranchi, na corroboree, ngoma zao za usiku. Lakini alikaa huko kama mgeni wa wenye nyumba. Alilala ndani ya nyumba kubwa, na waliokuwa wakimweleza mambo ya kambini walikuwa, kwa sehemu kubwa, wazungu.

Hadithi umeisoma, kwa hiyo nitaigusa kwa wasomaji wengine tu. Coonardoo anakua pamoja na Hugh Watt, mtoto wa mwenye ranchi ya Wytaliba. Mama yake Hugh anamfundisha kazi na kumwandaa awe mlinzi wa mwanawe. Mama anapokufa, Hugh aliyevunjika moyo analala na Coonardoo, na anazaliwa Winni. Hugh anamwoa mwanamke wa kizungu, ambaye anaondoka akigundua Winni ni mtoto wa nani. Mume wa Coonardoo anapofariki, Hugh anamtangaza kuwa mwanamke wake ili kumkinga, lakini hamgusi, kwa kiburi cha kutotaka kufanana na jirani yake Sam Geary anayeishi waziwazi na wanawake wa Kiaborijini. Siku Hugh hayupo, Geary anamchukua Coonardoo. Hugh anaporudi, hasira yake yote inamwangukia mwanamke huyo. Anampiga, Coonardoo anaungua motoni, anafukuzwa. Anaishia pwani, kwenye mashua za wazamia lulu, na mwisho anarudi mgonjwa kufia Wytaliba, ambako hakuna aliyebaki.

Ili uone ujasiri wa kitabu hicho, lazima ujue sheria iliyokuwepo. Sheria ya Waaborijini ya mwaka 1905 ya Australia Magharibi ilimpa afisa mmoja, aliyeitwa Mlinzi Mkuu, mamlaka juu ya maisha ya Waaborijini: mahali pa kuishi, ajira, ndoa. Yeye ndiye aliyekuwa mlezi wa kisheria wa watoto wao, na angeweza kumwondoa mtoto chotara mikononi mwa mama yake. Kuanzia 1915 hadi 1940 nafasi hiyo ilishikwa na A. O. Neville. Uhusiano wa mzungu na mwanamke wa Kiaborijini nje ya ndoa ulikuwa kosa kisheria, na katika maeneo ya ranchi ulikuwa jambo la kila siku. Wafanyakazi wa ranchi wengi walilipwa unga, chai, sukari, tumbaku na nguo. Kila mtu alijua yote haya na karibu hakuna aliyeyaandika katika riwaya. Prichard aliyaandika, tena kwa kumfanya mwanamke wa Kiaborijini kuwa mtu anayependa, anayeumia, ambaye mzungu mwema anamharibia maisha kuliko mzungu mbaya. Geary ni fisadi, lakini anayemchoma moto ni Hugh. Uamuzi huo ni wa mwandishi mkubwa, na sitaki lawama tutakazozijia ziufunike.

Riwaya ilishinda kwa pamoja na nyingine shindano la gazeti la The Bulletin mwaka 1928, ikachapwa humo kwa mfululizo, ikatoka kama kitabu mwaka 1929. Wasomaji walichukia. Mhariri wa gazeti alipoletewa baadaye riwaya ya Vance Palmer yenye mada iliyofanana, aliikataa, akieleza kwamba yaliyowapata kwa Coonardoo yalikuwa maafa na yamewaonyesha kuwa umma wa Australia hautavumilia hadithi za aina hiyo. Brumby Innes ilipata tuzo mwaka 1927, lakini haikuonyeshwa jukwaani hadi 1972, mwandishi akiwa amekwisha kufa.

Sasa malalamiko. Wasomaji wa Kiaborijini hawalalamiki kwamba Prichard alisema uongo kuhusu ukatili. Wanalalamika kuhusu Coonardoo mwenyewe. Jeanine Leane, mshairi na msomi wa watu wa Wiradjuri, ameandika kwa kina na kwa ukali juu ya namna waandishi wazungu walivyomuumba Mwaborijini wao wenyewe kisha wakamfanya ajulikane kuliko Waaborijini walio hai. Ukiisoma tena riwaya ukiwa na hoja hiyo kichwani, utaona mambo. Coonardoo anasubiri. Anatazama, anavumilia, anarudi. Ananyamaza pale ambapo mtu yeyote angesema. Mwandishi anamfananisha mno na ardhi, kisima na wanyama, na mwishoni, anapokufa, mwili wake unatazamwa kama vijiti vilivyoungua. Dibaji ya kitabu inaegemea maneno ya mwanaanthropolojia wa zama zile aliyewaweka Waaborijini karibu na kipago cha chini kabisa cha ngazi ya binadamu. Na kuthibitisha kwamba kasema kweli, Prichard anamtaja afisa mzungu wa serikali aliyekagua mambo ya Waaborijini, kwamba aliusoma mswada. Hakumtaja msomaji wa Kiaborijini hata mmoja.

Hapa ndipo ninapotofautiana na wanaomtetea kwa kusema alikuwa mtu wa zama zake. Zama zake hizo hizo, katika mwaka ule ule, aliweza kuandika mgomo wa wakata magogo. Wanaume wanaokusanya ng'ombe huko Wytaliba wanafanya kazi ngumu kuliko Red Burke, na mwandishi anaonyesha ustadi wao kwa mapenzi ya wazi. Ranchi isingedumu wiki bila wao. Lakini katika kurasa zote hakuna anayemuuliza mwenzake, "Kwa nini hatulipwi?" Mkomunisti aliyeijua vizuri nadharia ya tabaka la wafanyakazi alifika mahali penye wafanyakazi wasiolipwa, akaona utamaduni unaokufa.

Haukuwa ukifa. Tarehe 1 Mei 1946, mamia ya wafanyakazi wa Kiaborijini wa Pilbara, eneo lile lile la riwaya, waliacha kazi katika ranchi kwa mpigo. Makadirio ya kawaida ni watu wapatao 800. Wazo lilikuwa limejadiliwa tangu mkutano mkubwa wa wazee mwaka 1942. Dooley Bin Bin na Clancy McKenna walikuwa viongozi, na mzungu Don McLeod alikuwa mshirika wao. Kwa kuwa wengi hawakusoma, tarehe ilisambazwa kutoka ranchi hadi ranchi kwa kalenda za alama za kufutwa siku baada ya siku. Viongozi walifungwa, polisi walitishia, na mgomo ukaendelea kwa zaidi ya miaka 3. Hesabu umri: kijana aliyekuwa na miaka 15 Prichard alipokuwa Turee Creek alikuwa na miaka 35 siku ya mgomo. Baadhi ya watu ambao angewapa nafasi ya kusema walikuwapo tayari eneo lile, wakiwaza.

Wanawake nao walikuja kujisemea. Mwaka 1931, miaka 2 tu baada ya Coonardoo kutoka kama kitabu, wasichana 3 chotara walichukuliwa kutoka Jigalong, huko huko Pilbara, wakapelekwa kituo cha Moore River, zaidi ya kilomita 1,500 kutoka kwao. Wakatoroka kwa miguu, wakafuata uzio mrefu uliojengwa kuzuia sungura kurudi nyumbani. Molly na mdogo wake Daisy walifika, Gracie akakamatwa njiani. Doris Pilkington Garimara, binti wa Molly, aliandika kisa hicho mwaka 1996. Molly alikuwa na umri wa miaka kama 14. Mweke msichana huyo kando ya Coonardoo anayesubiri, uone kilichokosekana.

Kingine cha kusoma ni My Place cha Sally Morgan, kilichotoka 1987. Bibi yake, Daisy Corunna, alizaliwa kwenye ranchi ya Pilbara, akatumikishwa katika nyumba ya familia ya kizungu Perth. Kwa miaka mingi anakataa kumwambia mjukuu baba wa mtoto wake ni nani. Naye ananyamaza kama Coonardoo, lakini ukimya huu ni wa mtu anayeamua. Analinda kitu, anapima nani anastahili kuambiwa, na mengine anazikwa nayo. Ukisoma vitabu hivi viwili mfululizo utaelewa kwa undani zaidi kuliko ninavyoweza kukueleza hapa, kwa sababu ukimya wa Coonardoo hauna siri ndani yake. Mwandishi anatupa yote.

Nataka pia umtendee haki Prichard mzee. Katika riwaya za dhahabu, ambazo wengi huziruka kwa urefu wake, yumo Kalgoorla, mwanamke wa Kiaborijini anayeonekana tangu kurasa za mwanzo. Watafuta dhahabu wanawateka watu wake ili wawaonyeshe maji, jambo lililotendeka kweli katika nchi ile kame. Kalgoorla anaishi miaka na miaka kando ya Sally Gough, mwenye nyumba ya wapangaji, na hasahau kilichofanyika. Bado anatazamwa kutoka kwenye baraza la Sally, lakini ni mtu mwenye hasira na kumbukumbu. Naamini miaka 20 ya siasa ilimfunza mwandishi jambo. Wahakiki wengine huona riwaya hizo ni nzito kwa hotuba za kisiasa, na kweli zina hotuba nyingi mno. Hata hivyo, kwa mtu anayeandika kuhusu vibarua na wenyeji wa asili kwa pamoja, kama wewe, hizo ndizo zenye manufaa zaidi.

Sasa mswada wako. Kwa vibarua wa kahawa umekaa vizuri kuliko Prichard alivyowahi kukaa, maana yeye alijiunga na wafanyakazi kwa imani, wewe umezaliwa nao. Huko andika bila woga, waache wagombane, wadanganye nyapara, waibiane. Kwa Wahadzabe, fungua sura ulizokwisha kuandika utafute jambo moja: je, kuna Mhadzabe anayemdai mtu kitu? Fedha, ardhi, jibu, msamaha? Kama wote wanawinda, wanachimba mizizi, wanatazama machweo na kusikitika, umeshaandika Coonardoo. Wahadzabe wa leo unaowaona wewe wako sokoni, wako shuleni, wanabishana na watalii kuhusu malipo, na baadhi huajiriwa kulinda mashamba ya mahindi dhidi ya wanyama. Mwaka 2011 Wahadzabe wa Yaeda, huko Mbulu, walipata hati ya kimila ya kumiliki ardhi yao kwa pamoja. Jambo hilo lilikuwa na vikao na watu waliosimama kudai. Wamo katika riwaya yako?

Na mswada ukikamilika, usomeke kwa sauti mbele ya Wahadzabe kabla haujaenda kwa mchapishaji. Wapo vijana wao waliosoma, na wazee wataelewa Kiswahili chako vizuri tu. Walipe kwa muda wao kama ungemlipa mhariri, na ukubali kwamba wanaweza kukuambia sura fulani itoke, hata ile uliyoipenda kuliko zote. Pengine watakwambia jambo ambalo hawataki liandikwe kabisa. Hilo liache kwao. Iwapo kuna kijana wa Kihadzabe anayeandika, hata mashairi ya daftarini, mwambie mchapishaji wako jina lake siku ile ile unayopeleka mswada wako.

Ukianza kusoma, anza na Working Bullocks, ndipo urudie Coonardoo, kisha Pilkington na Morgan bila kupumzika katikati. Nitumie sura mbili za mwanzo ukiwa tayari. Nitazisoma.